Kinywa cha Mpishi

Mwanga ulitoka kwenye projekta ukapita juu ya vichwa vyetu, na ndani yake vumbi la ukumbi wa kanisa, pale Ingleburn, Sydney, lilicheza kama kitu kisicho na bwana. Jumapili, baada ya ibada. Mapazia yamefungwa, jua limeachwa nje. Nawe, Mama Bénie, ulikaa nyuma kabisa karibu na sufuria ya sombe, mboga ya majani ya muhogo, macho yako yakikwepa yangu.

Nilikuona. Mimi huona, kisha sisahau.

Filamu ilikuwa ya Kitamili, ya zamani, nyeusi na nyeupe, ya mauaji na hofu na mvua ya milimani. Aliileta Thavarasa, Mtamili tunayefanya naye kazi ghalani. Mama yake aliisoma hadithi ile ilipokuwa bado riwaya, sura kwa sura katika gazeti la kila wiki, kabla watu wa sinema hawajaitia mkono. Maandishi ya chini hayakuwemo. Basi Thavarasa akaninong'oneza kwa Kiingereza, nami nikashika maiki nikaimwaga kwa Kiswahili, kama tulivyozoea kwenye mabanda ya video kwetu, ambako mtafsiri ni sauti ya wote, ya muuaji na ya maiti, ya mbwa na ya radi. Humbatiza kila mtu jina, humtukana mjinga, humwonya anayefuatwa. Mtu akinyamaza kwenye picha, mtafsiri humsemea. Kinywa kitupu ni aibu ya mtafsiri.

Picha ilipofunguka, nikaona chai.

Chai, Mama Bénie. Vilima vimesukwa chai mstari kwa mstari, wanawake na vikapu mgongoni, na juu kabisa bangaloo nyeupe ya mwenye shamba inayoutazama kila mgongo uliopinda. Nami nilizaliwa chini ya bangaloo kama ile, Kericho. Nyanya yangu alichuma chai hadi vidole vikageuka rangi, na nyapara aliyekimwaga kikapu chake matopeni ninalijua jina lake, na jina la babake, na koti alilovaa. Shule sikusoma ya maana. Nilisoma matangazo ya kufukuza watu yaliyobandikwa langoni, herufi kwa herufi, mpaka nikajua kusoma na kukasirika kwa pamoja.

Sisahau.

Katika bangaloo ya filamu tajiri anauawa. Aliyeua ni ndugu yake, kwa uchu wa shamba. Anayefungwa ni mlinzi, kwa kuwa pingu huwa zimeshapimwa kwa mikono ya maskini. Nilipombatiza mlinzi jina la Dieudonné, ukumbi ukacheka. Kisha ukaacha kucheka.

Kwa maana wiki hiyohiyo shelfu la ghalani kwetu liliporomoka likamvunja mwenzetu Nibigira mguu, na lawama akatwikwa Dieudonné, dereva wa foklifti ya kuinulia mizigo: eti aliligonga. Hakuligonga. Bolti zilikuwa zimelegea, naye mwenyewe alimwambia Clifford, supavaiza wetu, Mkenya mwenzangu, nyapara wa leo mwenye kizibao kinachong'aa. Clifford akasema fanyeni kazi. Sasa anaapa hakuambiwa lolote. Aliyekuwa pale akasikia ni mtu mmoja. Wewe. Na kikao cha kumfukuza Dieudonné kilikuwa Jumatatu, kesho yake.

Nilikuwa nimekubembeleza useme, kituo cha treni, nikakubembeleza mlangoni kwako. Ukanijibu kwamba kwenu Uvira waliosema wameona hawakuonekana tena. Ukanijibu kwamba wewe ni kibarua, na kibarua hafukuzwi, haitwi tu. Yote kweli. Lakini nilikuwa na filamu.

Maana katika filamu ile yuko mpishi. Alikuwa jikoni, dirisha wazi, akaona mkono na akaona kisu. Katika riwaya, aliniambia Thavarasa, mpishi anasimama kortini anasema, na maneno yake ndiyo yanayomtoa mlinzi kifungoni. Watu wa sinema wakampokonya maneno hayo. Wakampa ushindi mpelelezi mwenye kofia, aliyefumbua kila kitu kwa akili zake. Mpishi wakamwachia uso tu, uso mkubwa ukuta mzima, midomo imefumba, zeze zikilia badala yake. Mama yake Thavarasa aliinunia filamu ile hadi kaburini. Walimwibia yule mwanamke, alikuwa akisema. Na mwanawe akaibeba hasira hiyo hadi Sydney, kama wengine wabebavyo picha za harusi.

Nami nilikuwa tayari kumrudishia. Nilikuwa nimepanga hotuba, moto mtupu, ya kuitia kinywani mwa mpishi ikuchome wewe kule nyuma.

Uso ukaja. Ukajaa ukutani. Nikafungua mdomo, nikakutazama, na hasira yangu ikanigeukia mimi. Nikimsemea huyu, nitakuwa mwizi wa pili. Nikashusha maiki.

Zeze zikalia. Jacky, mpakiaji ambaye mdomo wake haujui likizo, akapaza sauti: "Mtafsiri, umemeza ulimi, ama Kitamili kimekwisha?" Wakacheka. Thavarasa akaigandisha picha. Mpishi akabaki anatutazama, amefumba.

Ndipo ukasimama, Mama Bénie, na mwiko mkononi.

"Sema, mama," ukamwambia yule wa ukutani. "Sema uliona."

Binti yako Bénie, ambaye ukimwita kwa Kiswahili anakujibu kwa Kiingereza, siku ile alikushika kitenge akasema kwa Kiswahili: "Mama, kaa chini."

"Nimekaa sana," ukasema. Kisha kwetu, polepole, kila neno na uzito wake: "Dieudonné alimwambia Clifford bolti zimelegea. Miye nilikuwa pale. Miye nilisikia."

Hakuna aliyepiga makofi. Jacky alivua kofia.

Jumatatu tulikupeleka hadi mlango wa ofisi, sisi wa shifti zote mbili. Clifford alikuwa amekutangulia, mpole kama mchumba, akajitolea kukutafsiria. Ukamwambia, "Nitasema mwenyewe." Ukaingia na Kiingereza chako chechemefu, kilichotosha.

Hawajaamua. Waamue. Lililosemwa halirudi tena kinywani, na wakimgusa Dieudonné watatukuta wote tumesimama, nami nitakuwa na majina yao.

Ulipotoka, lango kubwa la ghala lilikuwa likipandishwa, na jua likaingia chini yake, pana, bila projekta, bila ukuta wa kuangukia. Vumbi la kazi yetu likasimama ndani ya mwanga, kila chembe wazi. Nawe ukapita katikati yake, kichwa juu, ukienda kuvaa glavu.