Kanusho la Mama Meshaki

Ambindwile wa kule Kisondela alipooza upande mmoja mwaka uleule ambao simu ya mwanawe wa pekee, Meshaki, iliacha kupatikana. Meshaki alikuwa ameondoka kwenda Afrika Kusini kutafuta kazi. Mwanzoni alikuwa akipiga, kisha akawa anapigiwa tu, kisha namba ikasema haipo.

Mzee akakataa kula. Alikuwa akigeukia ukutani mpaka uji unapoa. Mkewe, Tupokigwe, alijaribu kila kitu, na asubuhi moja, bila kufikiria sana, akamwambia kwamba amemwota Meshaki akiosha magari juani, amenenepa, amevaa sweta la bluu.

"Sweta kwenye jua?" Ambindwile aliuliza.

"Hata mimi nilimshangaa."

Mzee alicheka kwa upande mmoja wa mdomo. Akala.

Tupokigwe hakuwa ameota chochote. Lakini kesho yake alitunga nyingine, na keshokutwa nyingine. Meshaki akapata chumba, akaoa, akazaa binti ambaye alianza kusimama kwa kushika meza. Ambindwile mwenyewe ndiye aliyempa mjukuu huyo jina la Tulia. Akaanza kuomba abebwe nje akae migombani, akiwa na shuka miguuni.

Sheria ya Ndoto ilikuwa imeshapitishwa wakati huo. Ilikuja kwa sababu za maana: kulikuwa na wahubiri waliowaotea watu ndoto mpaka wakauza mashamba, na ndugu waliokatana mapanga kwa sababu ya ndoto ya mtu mmoja. Ikawa marufuku kumtungia mtu ndoto, na marufuku kumsimulia mwenzako hata ile uliyoiota kweli, kama huna kibali cha wilaya. Watu walicheka. Kisha fundi cherehani mmoja wa mtaa wa Bagamoyo, pale Tukuyu mjini, akafungwa, na kicheko kikaisha.

Jirani yao, Prisca, alikuwa amemzika binti yake Anneth kabla ya Pasaka. Alikuwa akipita karibu na dirisha lao asubuhi akienda shambani, na siku nyingine alisimama akasikiliza. Siku moja akaingia jikoni.

"Mama Meshaki, na mimi niotee. Mara moja tu. Anneth aje anisalimie."

"Wako amekufa, Prisca, tulimzika wote. Wangu sijui aliko. Ninachokisema juu yake huenda kipo. Juu ya Anneth nitasema nini?"

Prisca aliondoka bila kuaga. Wiki ileile akaenda ofisi ya kata kushtaki.

Hakimu hakumfunga Tupokigwe. Alisema ni mtu mzima na ana mgonjwa. Akamwamuru atoe kanusho: amwambie mumewe, mbele ya mtendaji wa kata na mlalamikaji, kwamba ndoto zote alizitunga. Akikataa, ataenda gerezani, na mzee atabaki na nani?

Mtendaji alikuwa kijana mmoja anayeitwa Dennis, aliyehamishiwa huku kutoka Singida. Neno pekee la Kinyakyusa alilolijua lilikuwa "ndaga", la kushukuru. Alifika na bodaboda, viatu vimejaa matope, akamwamkia mzee shikamoo na kukaa ukingoni mwa kiti. Prisca alibaki amesimama mlangoni.

"Sema kwa kifupi, mama," Dennis alisema. "Ukifupisha itakuwa nafuu kwake."

Tupokigwe alishika mkono mzima wa mumewe. Akazungumza Kinyakyusa, taratibu, maneno mengi. Ambindwile alitabasamu, akaitikia kwa kichwa.

Dennis alimgeukia Prisca. "Amekanusha?"

Prisca alitazama sakafu. Alikuwa ameshaelezwa kwamba shahidi akidanganya naye anafungwa, na alikuwa na watoto wawili waliobaki. Tupokigwe alimtazama.

"Hapana," Prisca alisema kwa sauti ndogo. "Amesema mjukuu sasa anatembea."

Dennis alijifuta uso kwa kiganja. "Mama, nakuomba. Kwa Kiswahili."

Mvua ilikuwa imeanza kupiga bati, ikabidi Tupokigwe apaze sauti.

"Baba Meshaki, sikumwota. Hata siku moja. Nilitunga ili ule. Mtoto wetu sijui aliko."

Ambindwile alimtazama Dennis, kisha Prisca, kisha mkewe.

"Na Tulia?"

"Hakuna Tulia."

Mzee alivuta mkono wake taratibu, akauingiza chini ya blanketi.

Hakumgombeza mkewe. Uji aliupokea alipolishwa, siku za mwanzo, kisha akaanza kuuacha utiririke shingoni. Hakuomba tena kubebwa nje. Alifariki kipindi cha baridi, wakati ukungu haukuwa ukiondoka kutwa nzima, na kwaya ya kanisa iliimba kaburini bila kuonana vizuri na waliosimama upande wa pili.

Prisca alikuja msibani. Aliosha masufuria yote bila kuombwa, kisha akamsogelea Tupokigwe.

"Mama, nilikuwa na hasira. Nisamehe."

"Niletee maji," Tupokigwe alisema. Alipoletewa, alikunywa, akarudisha kikombe, na hawakuzungumza zaidi, siku ile wala baadaye.

Waombolezaji walipotawanyika, alibaki na nyumba. Hakukuwa na sheria inayomkataza mtu kujitungia mwenyewe kimyakimya, akajaribu. Alifumba macho akamtafuta Meshaki, lakini hakupata hata mahali pa kumweka. Akainuka, akaenda kumkatia ng'ombe majani.