Redio ya Rehani

Arafa alizima kinasa sauti kwa mara ya nne. "Mwenyekiti, nakuomba. Mwache bibi amalize."

Mwinyimvua, mwenyekiti wa kijiji cha Mkange, alikunja uso. "Namsaidia tu. Wewe andika kwamba redio ilituunganisha, ikatuletea uhuru."

Arafa alishusha pumzi. Alitoka Bagamoyo alfajiri, vumbi limemjaa hadi masikioni, kutafuta habari za redio za enzi za mkoloni kwa ajili ya kipindi cha kituo chao cha redio. Kila alikopita wazee walimpa sentensi hiyo hiyo, utadhani wamekaririshwa. Tumaini lililobaki lilikuwa Bi Kuruthumu. Marehemu mumewe, Rehani, ndiye peke yake aliyekuwa na redio hapa kijijini.

"Haya bibi. Watu walikuwa wakija kusikiliza?"

"Wee! Uani hapapitiki. Halafu masika ikakata njia, betri zikafa."

"Mkakosa habari?"

"Kwa Rehani?" Bi Kuruthumu alicheka hadi akakohoa. "Anajifungia ndani, anakaa kitambo, anatoka nazo. Redio imesema hivi, redio imesema vile. Siku moja akatoka na kubwa: redio imesema majumbe wa mkoloni hawana amri tena, asiyetaka kulima shamba la jumbe asilime. Kesho yake hakwenda mtu. Jumbe akafoka wiki nzima, mwisho akafunga virago, akahamia Saadani kwa wakweze."

"Uongo huo!" Mwinyimvua aliruka.

"Uongo ndiyo, mwanangu. Si ndiyo namweleza?"

Jioni ile, aliporudi kituoni, Arafa alimsikilizisha Adrian, mkuu wake wa vipindi, mazungumzo yote. Adrian alitikisa kichwa.

"Kata hiyo. Kipindi ni cha kuisifu redio. Bakiza ya mwenyekiti."

"Sifa gani inazidi hiyo?" Sauti ilimpanda Arafa. "Redio haina betri, na bado imemng'oa jumbe!"

"Wasikilizaji watasema na sisi tunatunga."

"Na wakiuliza, tutawajibu. Rehani hakuna aliyemuuliza."

Walibishana hadi adhana ya magharibi. Hatimaye Adrian alimpa dakika tatu, tena baada ya matangazo ya vifo. Arafa alisonya, akavaa vipokea sauti, akaanza kuhariri: la kwanza kulifuta likawa sentensi ya mwenyekiti.