Upande wa Pili Wameweka Nini?

Usiku wa jana niliota nimesimama kwenye foleni ya wadudu wanaosubiri kuhamishwa, na sikushangaa. Mbele yangu alikuwa chura mwenye mabawa. Nyuma yangu alikuwa Konokobe, yule mwenye gamba la kobe na pembe za konokono, ambaye jioni hiyohiyo binti yangu Nuru alinionyesha kwenye simu.

"Sogea, mama," Konokobe akaniambia. "Wenzio tuna safari."

Nikasogea. Lakini kabla foleni haijaenda mbali, niseme hao wadudu wametoka wapi. Nuru ana gemu la zamani, lililotengenezwa kwa ajili ya mashine ndogo ya kushika mkononi ambayo siku hizi huioni hata kwa fundi. Kwenye simu yangu iliyopasuka kioo ameweka emuleta, yaani programu inayojifanya kuwa ile mashine. Anafungua magemu mawili kwa pamoja, moja juu, jingine chini, mstari mweusi katikati, halafu anawahamisha viumbe kutoka huku kwenda kule, bila ule waya uliokuwa ukiunganisha mashine mbili zamani. Wote anawaita wadudu, hata wenye manyoya.

Nilikuwa nachambua mchele, yeye ananisomesha. Mdudu kama Konokobe hakui, yaani hageuki kuwa aina nyingine, mpaka atolewe kwenye gemu lake. Akishatolewa, anabaki na jina la mwenyewe wa kwanza, na kwa sababu hiyo mdudu hamsikii vizuri yule wa pili, hafuati amri zake. Ukibakiwa na mdudu mmoja tu, emuleta inakataa kumtoa. Na hakuna anayetolewa hivihivi, lazima upande wa pili nao waweke kitu.

"Hata kibovu?" nikamuuliza.

"Hata kibovu, mama. Lakini lazima kitu."

Nilimsikiliza kwa sikio moja. Jingine lilikuwa bado kwa mdogo wangu Hemedi, aliyenipigia mchana kutoka Tanga. Yeye na mkewe Sikitu hawajajaliwa mtoto, na walikuwa wananiomba Nuru akalelewe kwao. "Atakulia mjini, dada. Ni kwa mjomba wake, si kwa watu baki. Na wewe utabaki na dada yake." Tulipokuwa tunaagana akasema, kama mtu aliyekumbuka kitu kidogo, "Halafu Jumamosi tutakuletea friji. Sikitu kasema tu, zawadi." Alitaka jibu asubuhi.

Hemedi alijua pa kugonga. Mimi mwenyewe nilitolewa. Meno ya mbele yalikuwa ndiyo kwanza yanang'oka nilipochukuliwa Muheza nikapelekwa Handeni kwa Shangazi Mwanakombo, dada yake baba, ambaye hakuwa na mtoto. Maisha yangu yote nimeambiwa kwamba nilitolewa kwa mapenzi matupu, na kwamba mama alilia mpaka akashikwa na homa. Hiyo homa ya mama nimeishi nayo miaka yote. Kila nilipoona uchungu niliikumbuka, nikatulia.

Basi, foleni inasogea. Nafika mbele. Anayehudumia ni waya. Umejikunja kwenye kiti, umevaa miwani.

"Kwenye emuleta hakuna waya," nauambia.

"Ni kweli, sipo," waya unajibu. "Lakini kazi zangu hajapewa mtu. Inua mguu."

Nainua mguu. Waya unausogelea unyayo wangu na kusoma kwa sauti: "Mwenyewe wa kwanza, Mwanaisha wa Muheza."

Ni jina la mama. Mguu huu nimeusugua miaka yote na sikuwahi kuliona.

"Linafutika?"

"Halifutiki. Ndiyo maana shangazi yako ulikuwa humsikii."

"Nilikuwa namsikia."

"Alikutuma dukani ukaenda stendi, ukakaa kwenye begi la mtu, ukasema unasubiri gari la Muheza."

Nikashusha mguu, na ulipogusa chini ulikuwa mdogo, umepauka, wa mtoto. Tulikuwa Muheza, uani kwetu. Ua ulikuwa umekatwa katikati kwa mstari mweusi mnene. Upande wa juu ni Muheza, na maganda ya machungwa yamezagaa chini. Upande wa chini ni Handeni, na vumbi lake.

Mama amekaa upande wa juu. Ni kijana kuliko mimi nilivyo leo, na jambo hilo linaniudhi. Amempakata Hemedi, ananyonya. Upande wa chini amekaa Shangazi Mwanakombo na mkoba wake mapajani. Katikati kimesimama kisanduku cha maandishi, kama kile cha kwenye gemu la Nuru, ila hiki ni kikubwa kama mlango. Kina sauti ya adabu, kama ya yule dada wa kwenye simu anayekwambia unayempigia hapatikani.

"Je, una uhakika unataka kumtoa Mwanaheri?" kisanduku kinauliza. Mwanaheri ndiye mimi.

"Subiri," waya unasema. Unatambaa uani kuangalia watoto wengine. Kaka zangu wamejipanga ukutani, dada zangu wako jikoni. "Wapo. Angekuwa wa mwisho, kitufe kingegoma."

Ndugu zangu wananipungia mikono. Nawachukia wote kwa wingi wao.

Sasa namtazama mama. Hapa ndipo anapotakiwa kulia. Napajua mahali hapa kwa kusimuliwa, najua mpaka kanga aliyofutia machozi. Nasubiri. Mama anamhamishia Hemedi titi la pili, anasafisha koo.

"Upande wa pili wameweka nini?" anauliza.

Hata Hemedi anaacha kunyonya.

Shangazi anafunua kanga iliyotandazwa kando yake. Chini yake kuna cherehani cha kukanyaga, cheusi, chenye maua ya rangi ya dhahabu ubavuni. Mama ananyanyuka, anavuka maganda ya machungwa, anaenda kukitazama. Anafungua droo. Anazungusha gurudumu polepole na kutega sikio. Anapitisha kidole kwenye yale maua. Sijawahi kumwona mama akigusa kitu kwa upole namna ile, nami nilikuwa mtoto wake.

Anarudi kukaa. Anabonyeza Ndiyo.

"Una uhakika?" kisanduku kinarudia, kwa sababu ndiyo kazi yake.

Mama anabonyeza kabla hakijamaliza kuuliza.

Waya ukanyooka kutoka Muheza mpaka Handeni, nami nikatembea juu yake. Mbele nikaona cherehani kinakuja, kinajikanyaga chenyewe. Tukakutana katikati, mahali pembamba, ikabidi kila mmoja ajipinde ili mwenzake apite.

"Shikamoo," nikakiamkia. Nilikuwa nimelelewa vizuri.

"Marahaba. Unakwenda wapi?"

"Kwa shangazi. Na wewe?"

"Kwenu. Nimeambiwa nikiulizwa nimetoka wapi, niseme baba yako kaninunua Tanga mjini."

"Utasema hivyo?"

"Mimi ni cherehani. Nitasema nilichoambiwa." Kilinitazama kutoka juu mpaka chini, kama mtu anayechukua vipimo. "Nitakushonea magauni ya Idi. Yatakuwa yanakubana."

"Kwa nini yanibane?"

"Mama yako atakuwa anakata kwa kipimo chako cha leo."

Na ilikuwa kweli. Kila Idi gauni lilifika Handeni limekunjwa vizuri, na kila Idi lilinibana. Nililivaa hivyohivyo, nikakaa siku nzima nimenyoosha mgongo, nikila pilau kidogokidogo lisije likapasuka. Wenzangu walinisifu kwa heshima niliyokuwa nayo.

Nilipokanyaga Handeni tu, tarumbeta ikalia.

"Hongera!" kisanduku kikasema. "Mwanaheri amekua!"

Nikajitazama. Mikono ilikuwa mirefu, ya mtu mzima, na harufu ya kitunguu ilikuwa tayari viganjani.

"Nimekuwa nini?" nikauliza.

"Mtu asiyelia," kisanduku kikajibu. "Ni aina nzuri. Watu wengi wanaitafuta."

Shangazi alinishika mkono akanionyesha mlango. Nilipoingia nilikuwa jikoni kwangu, na friji lilikuwa limeshafika.

Limesimama juu ya mstari mweusi, mguu mmoja huku, mwingine kule. Upande wa pili wamekaa Hemedi na Sikitu. Hemedi ni mtu mzima na suti yake, lakini bado ana maziwa mdomoni. Upande wangu amesimama Nuru. Amevaa gauni la Idi linalombana na ameshika begi. Konokobe amekaa begani kwake, haniangalii.

"Wifi," Sikitu ananisalimia, "habari za tangu siku zile?"

"Nzuri tu, wifi. Karibuni."

"Nina milango miwili," friji linasema. "Wa juu unagandisha mpaka samaki."

"Sijakuuliza."

"Maji ya baridi mwezi wa Ramadhani," friji linasema. "Nyama ya kuchinja unaiweka, hugawi yote. Majirani watakuja kuomba barafu, nawe utasema iko, au utasema haipo, utakavyo mwenyewe."

Sitawadanganya. Nililitazama lile friji na nililitaka. Miaka mingapi nachemsha mboga mara mbili isichache? Nililitaka kama mtu mwingine yeyote.

"Je, una uhakika unataka kumtoa Nuru?" kisanduku kinauliza.

"Ninafikiri," nasema.

Nataka kusema hapana. Neno liko mdomoni, nalisikia limekaa juu ya ulimi. Lakini mkono wangu umeshaenda. Umefika kwenye mlango wa friji, unaufungua polepole, taa inawaka ndani. Kidole kinapita kwenye rafu, kinapapasa ile baridi, kwa upole. Naujua upole huo. Nimeuona muda si mrefu, uani, kwenye maua ya dhahabu.

Nuru anautazama mkono wangu. Halii. Anasafisha koo kwanza, kama bibi yake.

"Mama," ananiuliza, "upande wa pili wameweka nini?"

Nikaamka. Kulikuwa kunapambazuka na jogoo wa jirani alikuwa anajimaliza kwa kuwika. Nuru alikuwa amelala karibu yangu, mdomo wazi, simu chini ya shavu. Nikakaa kitandani nikajiambia kwamba ni ndoto tu, mtu ukilala na maneno ya watu kichwani utaota hata waya wenye miwani.

Halafu nikageuza macho, nikaitazama televisheni.

Televisheni yangu inakaa juu ya cherehani cha mama. Alipofariki, ndugu waligawana vitu vyake na cherehani kikaja kwangu, ingawa sijui kushona hata kifungo. Kichwa chake kimezamishwa ndani ya meza na ubao umefunikwa juu. Tangu kiletwe, sijawahi kukifungua. Baba yenu alikinunua Tanga mjini, mama alikuwa anasema. Alilisema hilo hata pale ambapo hakuna aliyeuliza.

Nikaishusha televisheni sakafuni. Nikatoa kitambaa. Ubao ulikuwa umekaza, ikabidi niuchokonoe kwa kisu. Kichwa kikatoka kwa mlio wa kutu, cheusi, maua yake yamefifia, na nikakilaza ubavu kama nilivyowahi kuona mafundi wakifanya wanapotaka kutia mafuta.

Kwetu kila mwanamke anaandika jina chini ya vyombo vyake. Sufuria, sinia, beseni, vyote vikiazimwa kwenye shughuli virudi kwa mwenyewe. Mwingine anatumia rangi. Shangazi yangu alitumia msumari, na herufi K aliiandika ikiwa na mguu mrefu unaochungulia mstari wa chini. Kazi ya kusugua sufuria zake ilikuwa yangu, kwa hiyo mwandiko ule naujua kuliko wangu mwenyewe.

Chini ya cherehani cha mama palikuwa na vumbi na mafuta yaliyoganda. Nikapitisha kidole, kisha ukucha. Jina likajitokeza. MWANAKOMBO, na K ina mguu mrefu.

Nilikaa pale sakafuni, karibu na televisheni. Niliitafuta ile homa ya mama, iliyonituliza miaka yote. Sikuiona. Nilisikia uchungu tu, uchungu wa kawaida, wa mtu aliyefikiri alitolewa bure.

Simu ikalia chini ya shavu la Nuru. Nikaichomoa polepole asiamke.

"Dada, shikamoo," Hemedi akasema. "Umeamkaje? Umetufikiriaje?"

"Marahaba. Nuru haji, Hemedi. Atakulia hapahapa."

Nilimsikia anavuta pumzi. "Sawa, dada. Mwenye mtoto ni wewe. Hatukulazimishi."

"Friji lakini mje nalo," nikamwambia. "Jumamosi, kama ulivyosema. Si zawadi?"

Nyuma yake nilimsikia Sikitu akiuliza kwa sauti ya chini, anasemaje? Nikasubiri. Nilimpa nafasi, mdogo wangu, nafasi ya kutosha kabisa.

"Friji, dada," akasema mwishowe, "ngoja kwanza nizungumze na Sikitu."