Samaki wa Dokta Kalinga

Kwa heshima na taadhima, wananchi wote wa Iringa walitangaziwa kwamba Dokta Obeid Kalinga, bingwa wa lugha na utamaduni wa Norwei katika Nyanda za Juu Kusini nzima, atazindua kitabu chake cha hadithi za Kinorwei zilizofasiriwa kwa Kiswahili. Kinorwei alichokijua bingwa huyo kilitosha kusalimia na kuomba chumvi.

Aliyefasiri ni msaidizi wake, Tusekile, binti wa Mbeya aliyesoma Norwei miaka mingi mpaka vidole vikakaribia kukatika kwa baridi. Alipoona jalada lina jina moja, tena si lake, alimfuata Kalinga ofisini.

"Jina lako lipo, mdogo wangu," Kalinga alimtuliza. "Ukurasa wa shukrani. Chini ya dereva."

Tusekile alisema asante. Alipofika nje akaapa kwamba mtu huyu atalia, tena mbele za watu.

Udhaifu wa Kalinga aliujua: kitu kikisifiwa mbele yake, ni chake. Basi alipopewa kazi ya kuandaa chakula cha uzinduzi, alikwenda Mbeya akanunua samaki wakavu wa Kyela pale sokoni Mwanjelwa. Wanorwei wana chakula chao cha Krismasi: samaki mkavu huloweshwa kwenye maji makali kama ya magadi mpaka ateleze kama mlenda, kisha husuuzwa kwa siku kadhaa ndipo apikwe. Tusekile alilowesha vizuri sana. Hatua ya kusuuza akairuka.

Shoga yake Chiku, mwenye mgahawa alikopikia, alifunua sufuria akarudi nyuma.

"Wee Tuse! Unapika au unafua mapazia?"

"Nampikia bosi."

"Aa, yule? Mjazie!"

Siku ya uzinduzi, sahani iliwekwa meza kuu, mbele ya Kalinga na mgeni rasmi, Mama Gunnhild, Mnorwei mzee aliyewahi kuwa mwalimu wilayani Kilolo. Mama alishika mashavu.

"Samaki wa kwetu! Nani kapika?"

"Mimi, mama," Kalinga alijibu kabla Tusekile hajapumua. "Kwa mikono yangu hii. Kila Krismasi napika."

"Basi mpishi aanze!"

Ukumbi ukapiga makofi. Kalinga akatia mdomoni pande zima, akatafuna, akaacha kutafuna. Machozi yakamtoka. Midomo ikamvimba kama ya mtu aliyebusu mzinga wa nyuki. Tusekile alihesabu kila chozi kama mshahara.

"Kipande kingine, Dokta!" Mama alihimiza.

"Si mimi!" Kalinga alilipuka, akinyakua jagi la maji. "Kapika Tusekile!"

Mama Gunnhild alinusa sahani, akaweka uma chini, akamgeukia Tusekile aliyeuma leso asicheke.

"Hajasuuzwa huyu. Binti yangu, ulisahau?"

Mlango ulikuwa wazi. Angesema ndiyo, samahani, kazi yake ingepona. Lakini kusahau? Yeye, aliyekula samaki huyo Krismasi zote alizokaa Norwei, aonekane hajui?

"Sikusahau, mama," alisema, na leso ikaanguka. "Nilimwacha na magadi yake makusudi. Kitabu hicho nimekifasiri mimi, mstari kwa mstari, Dokta akakichukua. Nikaona basi, achukue na samaki."