Penye Pampers Pana Mtoto

Habari kwamba mchumba wangu Laban ana mtoto Jeddah zilinikuta Riyadh, mtaa wa Al-Naseem, nikikata kuku wa madam. Zilikuja kwa sauti ya Lorine, rafiki yangu anayeishi Kandara, Jeddah, na ambaye hajawahi kukutana na siri akaiacha ipite.

"Zippy, wueh, kaa chini kwanza. Nimemwona Laban wako hapa Kandara akitoka dukani na pampers. Si paketi moja, mbili! Nikamwita, akazificha nyuma ya mgongo kama mwizi wa kuku. Aki huyo mwanamume ana mtoto. Na mtoto hakosi mama."

Sikukaa chini. Mimi hasira zangu ziko karibu, na sioni kwa nini ziwe mbali. Laban nami tulikuwa tufunge ndoa Disemba, kanisani kwetu Mwingi, na mama yangu alikuwa ameshatangazia ukoo mzima. Hadi siku hiyo kosa la Laban lilikuwa moja tu: hasemi. Namwandikia mapenzi hadi simu inapata moto, yeye anajibu, "Sawa." Namuuliza kama ananiwaza, anajibu, "Nimekula." Sasa nilijua maneno yake matamu yanakoishia.

Nikanawa mikono nikaandika: "Tumeachana, Laban. Mlee mwanao." Kidole kilikuwa juu ya kitufe cha kutuma Mani alipogonga mlango wa nyuma na kikombe chake.

Mani ni dereva wa nyumba yetu, Mhindi wa Tamil Nadu mwenye masharubu mazito. Jikoni haingii, husimama pale mlangoni kungoja chai. Babu yake alimlea kwa Nyaya, elimu ya kale ya Wahindu inayouliza mtu amejuaje hicho anachodai kukijua, na tangu hapo hakuna jambo linalompita bila ubishi. Kamera ya barabarani ikimpiga picha kwa mwendo kasi, yeye anauliza imejuaje. Huwa tunaongea kwa Kiarabu cha kuokoteza na Kiingereza, kila mtu cha kwao.

Nilimweleza huku nikirudi kukata kuku. Hakunipa pole. Alisema, "Sister, toa dai."

"Laban ana mtoto."

"Sababu?"

"Amenunua pampers!"

"Kanuni, na mfano wake?"

"Mani, nimeshika kisu."

"Sikiliza. Babu alinifundisha hivi. Mlimani kuna moto: hilo ni dai. Kwa sababu kuna moshi. Kila penye moshi pana moto, kama jikoni. Na mlima ule una moshi. Basi, mlimani kuna moto. Hatua tano. Ukiruka moja, huo ni umbea."

"Sisi tunamaliza kwa hatua moja. Pafukapo moshi pana moto."

"Nyinyi mna haraka."

Aliposema "kama jikoni" nikapata pa kumshikia. Harufu ya udi ilikuwa inatoka sebuleni, na moshi wake ulishafika kwenye korido. "Moshi ule pale," nikasema. "Moto wake uko wapi? Madam ana chetezo cha umeme. Hakuna kaa, hakuna kiberiti, kuna waya tu."

Mani akachungulia. Akautazama ule waya kwa muda mrefu, akanywa chai yake bila raha, akaenda zake. Nilifurahi kidogo, lazima niseme. Si kila siku mpishi wa Mwingi anaizima elimu ya kale kwa plagi.

Lakini ule ujumbe sikuutuma, maana madam aliniita, na kesho yake asubuhi Mani alikuwa mlangoni tena, anang'aa.

"Umenisaidia sana," akasema. "Babu alisema kanuni ikivunjika mahali pamoja, si kanuni. Sasa niambie, sister. Kila penye pampers pana mtoto?"

Nilikuwa nimenaswa na waya wangu mwenyewe.

"Na huyu Lorine," akaendelea, "ni shahidi wa namna gani? Neno la mtu ni njia halali ya kujua, ila mtu huyo awe anajua jambo lenyewe, na asiwe na hamu ya kulikuza."

Hapo nilikohoa. Mwaka jana simu yangu ilipoharibika, Lorine aliona siko hewani, akatangaza kwenye kundi letu kwamba nimefariki. Nilipopata simu nyingine, Mwingi walikuwa wameshaanza nyimbo za msiba.

"Basi usitume," Mani akasema. "Wiki ijayo tunampeleka madam kwa mama yake Jeddah, mtaa wa Al-Nuzha. Laban ni dereva huko huko Nuzha. Nenda ukaone. Kuona ndiyo njia mama, nyingine zote ni watoto wake."

Nikakubali, lakini ujumbe sikuufuta. Niliuacha pale pale, kama mtu anayeweka rungu nyuma ya mlango.

Njiani kwenda Jeddah, jangwa likiwa limewaka jua, niliona maji yametanda barabarani mbele yetu. Nikamwambia Mani apunguze mwendo. "Umeyaona kwa macho yako?" akaniuliza. Nikasema ndiyo. Hakupunguza. Tulipofika palikuwa pakavu kama ulimi wangu, yalikuwa mazigazi. Masharubu ya Mani yalisema yote.

Siku ya pili Nuzha, madam alinituma bakala, duka la pale mtaani, nilete maziwa na mkate. Mani akanipeleka. Nikampigia Laban. Akasema ana safari ya kliniki, lakini atapita. Na kweli akapita, na gari kubwa jeusi la bosi wake, vioo vyeusi pia. Akashuka. Mwaka mzima nilikuwa nimemwona kwenye simu tu, na nilikuwa nimesahau kwamba ni mrefu. Akatabasamu. Moyo wangu ulitaka kumkimbilia, lakini miguu ilikwenda nyuma ya gari ikafungua buti.

Paketi tatu. Na moja ilikuwa imeshafunguliwa.

Nilikuwa nimeona sasa, kwa njia mama kabisa. Nikatoa simu, nikabonyeza kitufe, ujumbe ukaenda.

"Zippy, pole pole," Laban akasema. "Hizo ni za baba."

"Na baba ni nani kama si wewe!"

"Si mimi. Baba. Baba yuko ndani ya—"

"Baba yuko mbele yangu anadanganya! Mtoto yuko wapi?" Nikazitoa paketi kwenye buti nikaziinua. Watu walianza kutoka bakala na mifuko yao. Kwa vile wengi walikuwa hawaelewi, nikahamia Kiarabu ili kila mtu afaidi. "Laban! Fi beibi? Yupo mtoto au hayupo?"

"Mafi, hayupo," Laban akasema, jasho linamtoka. "Mafi beibi. Wallahi." Na Laban ni Mkristo.

Kioo cha nyuma kikashuka. Ndani alikaa mzee mwembamba mwenye ndevu nyeupe, bakora katikati ya magoti. Alinitazama, akazitazama zile paketi mikononi mwangu.

"Fi," akasema. "Yupo. Ni mimi."

Ndipo nilipoisoma paketi. Palikuwa na picha ya mwanamume mwenye mvi, anacheka na mkewe. Ile pampers yenyewe ingenitosha mimi na gauni langu juu. Sisi sote huku tunamwita bosi wetu "baba", mimi mwenyewe namwita wangu hivyo kila asubuhi, na siku niliyolihitaji neno hilo ndiyo siku lililonikimbia. Nilitamani barabara inimeze. Lakini sitasema nilikosea. Ni ushahidi uliokosea.

"Aliniapisha," Laban akaninong'oneza. "Hata wanawe hawajui. Nuzha wenye maduka wanamfahamu, ndiyo maana ananituma Kandara. Sasa imejulikana. Atanirudisha nyumbani."

Hapo niliogopa kweli. Laban alikuwa amelibeba jambo la mzee yule kimya kimya, hata kwangu, na mimi nilikuwa nimelitangaza mbele ya bakala kwa lugha ya wenyeji. Mzee akainua bakora akaninyooshea.

"Laban. Huyu ni nani?"

Nilingoja aseme mtu wa kwetu, au jamaa, au simjui. Laban alijinyoosha.

"Mke wangu, baba," akasema, mbele ya watu wote, kwa sauti ambayo sikujua anayo.

Nilimgeukia Mani, aliyekuwa amesimama kando na mkate wetu. Kwa mara ya kwanza tangu nimjue, hakuuliza imejulikanaje.

Mzee alinitazama, kisha mabega yake yakaanza kutikisika. Alicheka hadi akakohoa, akafuta macho kwa pembe ya kilemba chake. "Halas, yaishe," akasema. "Mtoto akiwa na mama mkali hivi, atakuwa na adabu. Yalla, Laban, daktari anangoja."

Laban akapanda. Simu yake ilikuwa mbele, kando ya usukani, inachajiwa, na ndiyo kwanza ikalia mlio wa ujumbe. Nikaukumbuka ujumbe wangu. Nikakimbia hadi dirishani, nikasema, "Laban, usisome," na hilo ndilo jambo ambalo halijawahi kumzuia mtu yeyote kusoma.

Alisoma polepole, midomo ikitembea. Tumeachana, Laban. Mlee mwanao. Akautazama uso wangu. Kisha akatazama kwenye kioo, nyuma, kwa yule mzee aliyekuwa bado anajifuta macho.

"Namlea," akasema.

Akawasha gari. "Na Disemba?" akauliza.

Mimi, na maneno yangu yote, nilipata moja tu.

"Sawa," nikasema.