Chaki Haitoki Mkononi

Katika darasa la Professeur Hippolyte, huko Nyakasanza, sheria ilikuwa moja: ukikosea ubaoni, wenzako wanapiga madawati na kelele za "Faux!", yaani umekosa, nawe unampa mwingine chaki, unarudi kukaa. Hakuna aliyewahi kubisha.

Emerance, aliyetoka Kpandroma, ndiye msichana pekee aliyeomba section, yaani mchepuo, ya sayansi. Prof alimpa zoezi moja tu. Akishindwa, Jumatatu ataanza coupe-couture, section ya kushona nguo, asiyoitaka.

Ubaoni, pamoja na vipeo vyake, yaani exposant: (2a³)² ÷ a⁶, na a si sifuri.

Aliandika 2a⁶ ÷ a⁶. Madawati yakanguruma. "Faux!"

"Mama ya couture!" mmoja akadhihaki. "Sindano iko inakungojea!"

Gauthier, wa dawati la sayansi, alikwisha kusimama, mkono mbele kuidai chaki. "Leta craie, dada. Jibu iko zéro. Sita kutoa sita, a exposant zéro, inabakia nini? Zéro!"

Emerance alikuwa mtu wa kuogopa hata kuuliza njia. Lakini vidole vilikataa kufunguka.

"Sitoi."

"Emerance," Prof alisema, "sheria ni sheria. Mupe mwenzako."

"Nimekosa, Prof. Lakini kosa ni yangu. Nitaitengeneza mimi mwenyewe."

Aliwapa mgongo. Hakufuta kitu. Chini ya kosa aliandika: 2a³ × 2a³.

"Ile mbili iko ndani ya mabano," alisema. "Exposant ya inje inaikamata nayo. Mbili mara mbili, ine. Tatu na tatu, exposant sita."

Akaandika 4a⁶ ÷ a⁶, kisha akamgeukia Gauthier.

"Kitu ukikigawa kwa kitu kile kile, unapata nini?"

"Moja," Gauthier alijibu, kabla hajajua anakopelekwa.

"Basi a exposant zéro ni moja. Weye ulisema zéro."

Akaandika 4, akapiga mstari mara mbili chini yake. Huko nyuma mtu alianza "Fa...", akanyamaza mwenyewe.

Prof alisogea ubaoni, akafuata mistari kwa kidole. "Jibu ni kweli. Lakini umevunja sheria yangu."

"Ndiyo, Prof."

"Haya, kaa."

Hakusogea. "Nikae wapi, Prof? Kwa sayansi ao kwa couture?"

Gauthier alikwisha kurudi kwenye dawati lake. Prof Hippolyte alikohoa, akavua miwani, akaivaa tena.

"Gauthier," alisema, "sogea."