Kipande Alichopiga Bwana Qiu

Denise, fundi cherehani kutoka Lubumbashi, alimruhusu Bwana Qiu apige filamu dukani kwake katika mtaa wa Rosettenville kwa sharti moja: mikono tu. Qiu akakubali. Kwao China alikuwa amewashikia waongozaji wengine kamera miaka ishirini kabla ya kuongoza filamu zake mwenyewe, na hata sasa kamera hakumwachia mtu.

Hiyo ilikuwa 2017. Mwaka uliofuata akawaalika waliomsaidia waitazame filamu kabla haijatoka. Denise akakaa mstari wa mbele na rafiki yake Murielle.

Mikono yake ikatokea, mikubwa kama milango, ikipitisha kitambaa chini ya sindano. Watu wakapiga makofi. Kisha simu ikalia kwenye skrini, na Denise akaitambua siku ile. Kutoka spika ya simu, sauti ya mdogo wake, anayemwita Yaya, yaani dada mkubwa, ikajaa ukumbini: "Yaya, mama ametuacha." Akajiona akianguka sakafuni, kilemba kikimtoka, mdomo wazi.

"Yaya, ni wewe?" Murielle akanong'ona.

Denise alikuwa ameshasimama. "Zima! Zima hiyo!"

Taa zikawashwa. Qiu akaja mbio, uso umempauka, akasema kwa Kiingereza: "Nilidhani unajua kamera inaendelea."

"Siku ile nilijua nini? Nilijua hata jina langu?"

"Sijawahi kupiga kitu kizuri kama hicho," Qiu akasema, na papo hapo akatamani kulirudisha neno.

"Ni mama yangu huyo!"

Kesho yake Qiu akaja dukani na kompyuta, tayari kufuta.

"Kwanza nionyeshe yote," Denise akasema.

Kumbe picha haikuishia pale Qiu alipoikata. Kamera iliyumba, ikawekwa mezani, ikabaki inatazama miguu ya viti. Viatu vya Qiu vikapita. Akapiga magoti, akamkumbatia Denise, akirudia neno pekee la Kiswahili alilolijua: "Dada. Dada."

Denise akaziba mdomo kwa kiganja. Mwaka mzima aliamini aliyemkumbatia siku ile ni Carmel wa saluni ya jirani, hata akamshonea gauni la shukrani, na Carmel akalipokea.

"Mbona hukuniambia?"

"Niliona aibu. Nilipiga kwanza, ndipo nikakumbuka kuja."

Denise akaisukuma kompyuta kuelekea kwa Qiu.

"Ifute," akasema.

Qiu akaifuta mbele yake. Filamu ikatoka 2019, na magazeti yakasema haina moyo. Qiu alipompigia kumweleza hayo, Denise alimsikiliza hadi mwisho, kisha akamuuliza kama amekula.